Upande wa Kutupwa

Jumatatu, 3 Juni

Daftari hili nimepewa na binti yangu. Amesema niandike mambo ya karakana kila siku, ili tusiwe tunabishana nani alisema nini. Mimi sibishani. Nilimweleza hivyo kwa saa nzima, mpaka akachoka akakubali.

Nilisoma hadi darasa la nne. Nikaona yametosha, nikawaachia wengine nao wapate. Lakini mwandiko wangu ni mzuri. Herufi zimesimama wima kama miguu ya meza.

Leo habari kubwa! Mwalimu Mkuu wa shule ya pale juu amekuja karakanani mwenyewe. Mwanamke mfupi, miwani ya kamba, hacheki ovyo. Zamani alifundisha hesabu, na bado anamtazama mtu kana kwamba ana jibu amelificha mfukoni. Shule ina chumba kipya cha kusomea. Wana mbao arobaini, pana, kavu, walizotoa walipobomoa jukwaa la ukumbi wao. Wanataka meza na mabenchi. Mbao zikishafika kwa fundi, zitakuwa zimebaki siku kumi na nne tu chumba kifunguliwe.

Tatizo lao ni kamati. Nusu ya kamati inataka meza nyingi, nusu inataka mabenchi mengi, na wamegombana tangu mwezi wa tatu. Kwa hiyo Mwalimu Mkuu hataki fundi amletee jibu moja. Anataka mchoro. Meza zihesabiwe kwenda kulia, mabenchi yahesabiwe kwenda juu, na sehemu yote inayowezekana ionekane. Kamati itachagua nukta yake humo ndani. Masharti ya shule ni mawili: meza zisipungue tatu, na mabenchi yasipungue meza. Mengine fundi anayajua mwenyewe, yaani mbao na siku.

Nikamwambia alale usingizi, michoro ndiyo maisha yangu. Akanipa karatasi ya vimraba. Kisha akavuka barabara, akampa nyingine seremala wa ng'ambo tunayemwita Msumari. Mwenye mchoro bora ndiye atakayepata kazi.

Msumari! Mtu ambaye tangu azaliwe hajaingiza ulimi wa mbao kwenye tundu lake ziungane bila msumari. Kwake kila kitu ni nyundo. Meza zake hupata kutu kabla hazijapata vumbi.

Damu ikanichemka. Nikasema mbele ya mke wangu, binti yangu na wateja wawili: Msumari akinishinda kwa mchoro huu, penseli nampa binti.

Hapa nieleze. Karakana yangu ina penseli moja. Iko nyuma ya sikio langu mwaka wa arobaini huu. Si ileile, lakini sikio ni lilelile. Mwenye penseli ndiye anayepima na kupiga mstari, wengine wanakata alipoonyesha. Binti yangu ana miaka thelathini na miwili, amesoma chuo cha ufundi, ulimi wake unaingia tunduni kama kidole kwenye pete. Kila mwezi anaiomba penseli. Kila mwezi namwambia bado.

Mke wangu akasema amesikia vizuri. Yeye ambaye nikimwomba chai hasikii.

Jumanne, 4 Juni

Nimeanza kwa akili zangu. Meza tano, mabenchi matano: inawezekana. Meza tano, mabenchi sita: inawezekana. Nikaendelea hivyo kwenye ubao wa plaiwudi mpaka ubao ukajaa, nikaingia ukutani. Mke wangu akapita akauliza hiyo ni orodha ya wageni wa nini. Nikaendelea kuandika.

Saa nne binti akaja, akatazama ukuta, akaniomba penseli kwa dakika moja. Nikampa, lakini nikaendelea kuishika kwa upande wa pili.

Amesema hizi chuoni wanaziita hesabu za kutolingana. Hutafuti kitu kiwe sawa na kingine. Unatafuta kisizidi, au kisipungue. Unaanza na siku. Sisi wawili tukisaidiana tunatoa kipande kimoja kwa siku, iwe meza au benchi. Basi meza na mabenchi kwa jumla yasizidi kumi na nne. Usipotengeneza meza hata moja, mabenchi kumi na nne: weka nukta. Usipotengeneza benchi hata moja, meza kumi na nne: weka nukta. Unganisha.

Nikacheka. Hiyo ni kamba ya chaki! Unafunga huku, unavuta kule, unaipiga, mstari umelala. Miaka arobaini nimefanya hesabu hizi na hakuna aliyenipigia makofi.

Mbao vilevile. Meza inakula mbao nne, benchi mbili. Bila mabenchi, mbao arobaini zinatoa meza kumi. Bila meza, mabenchi ishirini. Nukta mbili, kamba, pah.

Baadaye akaniuliza upande upi wa mstari ndio mzuri. Nikasema ule mzuri. Akasema usibahatishe, chukua nukta moja uiulize. Chukua sifuri na sifuri. Meza sifuri na mabenchi sifuri, je, siku zinatosha? Zinatosha. Mbao? Zinatosha. Basi upande wenye sifuri ndio mzuri. Kwa hiyo fundi asiyefanya kitu ndiye anayefaulu mtihani! Sasa nimeelewa kwa nini Msumari mambo yake yanamwendea.

Ila mstari wa mabenchi-yasipungue-meza umepita juu ya sifuri yenyewe. Binti akasema hapo sifuri haiwezi kuwa shahidi, imekaa juu ya uzio. Tukamwita shahidi mwingine: meza moja, mabenchi matano. Akashuhudia vizuri.

Jumatano, 5 Juni

Asubuhi nimemfundisha binti jambo. Aliniuliza kama mstari wenyewe umo ndani au uko nje. Nikamwambia msumeno unajua. Kuna mstari unaobaki na mstari unaoliwa. Akashangaa. Akasema ndivyo hasa: wakisema isizidi kumi na nne, kumi na nne yenyewe inaruhusiwa, mstari unabaki, chora mzima bila kukatika. Wangesema pungufu ya kumi na nne, mstari unaliwa, chora wa vipande vipande. Yetu yote inabaki.

Wakati mwingine nadhani chuo kile kilinipeleleza mimi.

Kesho anasafiri upande wa pili wa mji kufunga milango ya zahanati, hadi Jumanne. Ameacha maagizo: nipige mistari yote minne kwenye karatasi nzuri, nitie kivuli upande wake, na chini niandike kivuli kina maana gani. Nikamwambia mbao haisomi. Akasema kamati inasoma. Nikamwambia aende salama.

Alhamisi, 6 Juni

Kazi imekamilika! Mistari minne, myembamba, hakuna uliotetemeka. Kisha kivuli.

Kila aliyeshika randa maishani anajua kivuli kinawekwa wapi. Unapopiga mstari kwenye ubao, unachora mikwaruzo upande wa kutupwa, ili mwenye msumeno asije akakata upande wa kazi. Nikachora mikwaruzo kote kusikofaa. Mbao zikizidi, mikwaruzo. Siku zikizidi, mikwaruzo. Meza chini ya tatu, mikwaruzo. Ikabaki katikati sehemu moja safi, nyeupe, yenye pembe nne, umbo la shoka lisilo na mpini. Pembe moja imekaa penye meza sita na mabenchi manane kamili. Mbao zote zinaisha, siku zote zinaisha. Nimeitazama nusu saa. Nikaweka kwenye kona alama ya karakana yangu, mguu wa kuku, kama kwenye kazi zangu zote.

Maneno ya chini sikuandika. Mchoro ukihitaji maneno, si mchoro.

Ijumaa, 7 Juni

Msumari amekuja kuazima jiwe la kunolea. Yeye! Hana kitu kikali zaidi ya ulimi wake. Macho yake yalikuwa mezani kwangu muda wote. Nikaikalia karatasi.

Alipoondoka nikapata wazo. Wazo kubwa kiasi kwamba ilibidi nikae chini. Nimechukua plaiwudi, nimepiga mistari ileile minne, lakini kivuli nimekigeuza. Mikwaruzo yote nimeitia ndani, kwenye sehemu nzuri, na nje nikaacha peupe. Nikatia mguu wa kuku ionekane ya kweli. Nimeutundika ubao huo mlangoni, uso barabarani, nikajifanya nakwenda kunywa chai. Akinakili ule, atakuwa anaiambia kamati kwamba sehemu njema ndiyo ya kutupwa!

Nimechungulia dirishani. Amesimama pale na kipande cha karatasi, anachora huku amejifanya anasubiri mtu. Nimecheka mpaka mke wangu akaja kuona kama naumwa.

Jumatatu, 10 Juni

Sijui nianzie wapi. Nimeshinda. Sijui nianzie wapi.

Mwalimu Mkuu hakuwepo, yuko semina hadi mwisho wa wiki. Kamati ilikuwa watu saba na Katibu, ambaye anauza viatu na ana sauti ya mtu anayeuza viatu. Karatasi mbili zimebandikwa ukutani. Ya Msumari imenakili kila kitu, hadi mguu wa kuku! Nikabana kicheko.

Katibu akaanza na ya Msumari. Akasema huyu fundi anawezana na sehemu hii ndogo yenye kivuli, meza hazifiki saba, mabenchi hayazidi kumi na moja. Sawa, si mbaya. Kisha akageukia yangu, akavua kofia. Akasema tazameni mzee huyu. Kivuli karatasi nzima! Kuna kijisehemu tu hapa katikati ambacho hakiwezi, pengine kina sababu zake.

Kicheko kikanikauka. Nikaona kilichotokea: wamesoma kivuli kuwa ndicho kinachowezekana. Nikainua mkono niseme.

Hapohapo Msumari akaguna pale nyuma. "Msimwonee mzee wa watu," akasema. "Mkono umeshachoka ule, hajui alichochora."

Katibu akaniuliza, kila mahali penye kivuli panawezekana kweli?

Nikasema, "Panawezekana. Hata nje ya karatasi."

Kamati ikachagua meza kumi na mabenchi kumi na mawili. Wa meza wakapata meza zao, wa mabenchi wakapata mabenchi yao. Tangu mwezi wa tatu hawajawahi kukubaliana. Walipeana mikono. Mama mmoja alijifuta machozi. Mtu gani mwenye moyo angeharibu amani ile? Nikasaini.

Penseli bado iko sikioni. Hilo ndilo la kuandika.

Jumanne, 11 Juni

Mbao arobaini zimefika asubuhi. Binti amefika saa sita, kachoka, shikamoo baba, pole na kazi. Nikampa habari za ushindi. Akauliza wamechagua nukta gani. Nikamwambia.

Akakaa juu ya rundo la mbao. Akasema meza kumi peke yake ni mbao arobaini. "Hapo zimekwisha, baba, na benchi hata moja hatujagusa. Na siku ishirini na mbili utazitoa wapi?"

Akaomba kuuona mchoro, nikamwambia uko kwa kamati. Hakuuliza kitu kingine, aliuliza kivuli nilitia upande gani. Nikasema wa kutupwa, ulitaka nitie upande gani? Akaanza kucheka. Akacheka mpaka mama yake akaja, akamwelezea, naye akaanza. Wanawake wawili wamekalia mbao za shule wanacheka, na mteja yuko mlangoni.

Binti akapangusa macho, akasema twende leo hii tukawaeleze kamati, kosa ni la maneno tu, hawatatula. Nikasema nimesaini. Akasema wakingoja hadi siku ya kufungua chumba na hakuna meza, hapo ndipo tutakapopoteza kazi na jina. Nikasema jina langu halipotei, limechongwa.

Mke wangu akakumbusha ile ahadi ya penseli. Nikamjibu Msumari hajanishinda, mimi ndiye niliyemshinda. Akasema, "Kwa sasa."

Jumatano, 12 Juni

Mbao zinatakiwa sitini na nne, zimepungua ishirini na nne. Nimezunguka nyumbani kuangalia kilichozidi. Mlango wa stoo: nani anaiba stoo? Rafu ya barazani. Meza ya jikoni, mbao nne safi, niliitengeneza mwenyewe mwaka wa harusi. Nimeifumua taratibu kwa heshima.

Mke wangu alirudi sokoni, akapika, akageuka na kuiweka sufuria mezani. Meza haikuwepo.

Chakula cha mchana leo nimekula kwa kufikiria.

Nimerudisha mlango na rafu, na zile mbao nne za meza yake nikazifunga tena, ndimi zote zikaingia kama jana. Nani mwingine angeweza? Lakini nimebaki palepale, mbao ishirini na nne.

Alhamisi, 13 Juni

Nimeamka na dawa. Ubao una unene. Kwa nini uwe mnene hivyo? Ukiupasua ubapa, ubao mmoja unakuwa mbili. Nimepasua mbao kumi na mbili, nikapata ishirini na nne. Hasa zile nilizopungukiwa! Hesabu haidanganyi.

Binti amesimama na msumeno wake hataki kunisaidia. Ameniambia ubao mwembamba vile hauna nafasi ya tundu, ulimi utaingilia wapi? Nikamwambia nafikiria. Na nilichokuwa nafikiria ni kitu cha aibu, hata daftari hili nalikunja kidogo wakati naandika.

Misumari.

Nikavuka barabara. Msumari alikuwa ameketi mlangoni kwake anakula karanga. Nikamsalimu kama mtu anayepita. Nikamwuliza kama ana misumari kidogo.

"Ya nini, Fundi Mkuu?"

Nikasema ya kutundikia picha.

"Ngapi?"

Nikasema kilo mbili.

Akatafuna, akatazama juu, akatazama chini. "Una ukoo mkubwa," akasema. Akanipimia.

Ijumaa, 14 Juni

Benchi la kwanza la mbao nyembamba limekamilika kwa saa moja tu! Nyundo ni kitu cha haraka, lazima nikiri, ingawa sitakiri nje ya hapa. Kwa mwendo huo siku zinanitosha na zinabaki.

Nimelitoa nje nilijaribu juani. Msumari alikuwa kwake, ng'ambo. Nikaona nafasi ya kumwonyesha. Nikasimama mbele ya benchi, nikasema kwa sauti kwamba kuna watu wanakaa juu ya kazi zao na kuna watu wanazisimamia tu. Nikakaa.

Kuvunjika kwa koleo si mwisho wa uhunzi. Nilijisemea hivyo nikiwa chini.

Nilidhani atacheka. Hakucheka. Alivuka, akanishika mkono akaninyanyua, akaokota msumari mmoja uliopinda, akaukagua. "Huu si wa picha, mzee wangu," akasema, akaondoka nao. Ningependa zaidi kama angecheka.

Binti amenipaka dawa mgongoni. Kamwambia mama yake zimebaki mbao ishirini na nane. Hakuniambia mimi.

Jumamosi, 15 Juni

Mwalimu Mkuu amerudi na amekuja moja kwa moja, semina bado iko kwenye viatu vyake. Ana karatasi zote mbili mkononi. Akatazama rundo la mbao zilizopasuliwa. Akatazama kilichokuwa benchi. Akanitazama mimi kwa ile miwani. Nikasimama wima, mgongo ukanikataza.

Akaniuliza taratibu kivuli changu kina maana gani.

Hapo ningeweza kusema mengi. Nilikuwa nimeandaa matatu. Lakini binti alikuwa nyuma yangu, na mke wangu nyuma ya binti, na Msumari yuko mlangoni na ule msumari uliopinda. Nikasema, "Ni upande wa kutupwa, Mwalimu. Sisi maseremala tunachora hivyo."

Akaweka karatasi juu ya meza yangu ya kazi. Akasema hata yeye alipokuwa anasoma walitia kivuli upande usiotakiwa, ili jibu libaki safi lionekane. Wengine wanatia upande unaotakiwa. Njia zote mbili ni sahihi. Mchoro wangu, akasema, ni sahihi kabisa, mistari yote minne, hakuna nukta iliyokosewa.

Nikamgeukia binti! Nikamgeukia mke wangu! Nilikuwa nageuka kumtafuta Msumari wakati Mwalimu Mkuu akaongeza kwamba umekosa sentensi moja, mzee. Kivuli ni nini. Kwa kukosa sentensi hiyo moja kamati imeahidiwa meza kumi.

Binti akaweka kidole chini ya mchoro, penye peupe. 

Mwalimu Mkuu akasema kazi ni yetu bado, mbao ziko kwetu, lakini zimebaki siku tisa na anataka mchoro mpya kesho wa hali ilivyo, na maneno chini. Akanyoosha kidole kwenye penseli sikioni kwangu. Kidole hakikubaki kwangu. Kikahamia kwa binti.

Jumapili, 16 Juni

Kesi ya penseli imesikilizwa leo asubuhi. Mke wangu ndiye hakimu.

Nimejitetea vizuri sana. Nimesema Msumari hakunishinda. Mchoro wake uliosomeka sawasawa ulikuwa wangu, umenakiliwa mlangoni kwangu, mguu wa kuku uko pale ni ushahidi. Kwa hiyo aliyenishinda ni mimi mwenyewe, na mtu hawezi kushindwa na mtu wa kiwango hicho akaitwa ameshindwa.

Mke wangu akauliza ule wa mlangoni niliuchora ili uwe sahihi au uwe na makosa. Nikasema uwe na makosa. Akasema, "Basi hata kukosea umeshindwa. Toa penseli."

Nimeitoa. Sikio limepata baridi.

Binti aliipokea kwa mikono miwili, akasema ahsante baba, akainama akaanza. Mbao ishirini na nane, siku tisa. Kamba ya chaki, pah, pah. Ile sehemu nyeupe imesinyaa, imekuwa kama kipande cha sabuni mwisho wa wiki. Nukta sita tu ndani yake. Chini akaandika kwa herufi kubwa: KIVULI NI KISICHOWEZEKANA. Ametia kivuli upande wa kutupwa! Alifundishwa na nani?  Nimeandika tu hapa.

Kamati ilikuja ikagombana barazani kwetu kwa saa mbili nzima. Mwisho wamechagua meza nne na mabenchi matano. Yule mama wa machozi alitoka tena na machozi, lakini si yaleyale.

Tungekuwa na meza sita na mabenchi manane. Najua. Hakuna haja ya kuniandikia ukutani.

Jumatatu, 24 Juni

Meza nne, mabenchi matano, ulimi na tundu, hakuna msumari hata mmoja. Binti amepiga mistari yote, mimi nimekata. Mara mbili nimemwambia mstari umekaa vibaya. Mara mbili tumepima. Sitaandika matokeo.

Kilo mbili za misumari nimemrudishia Msumari. Akazihesabu kwa macho, akasema kumbe picha hazikutundikwa. Nikamwambia ukoo umehama. Akanipa karanga.

Jumanne, 25 Juni

Chumba kimefunguliwa. Wamekaa juu ya mabenchi yangu watu wanane, wazito, pamoja na Katibu, na hakuna kilicholia.

Ukutani Mwalimu Mkuu ametundika michoro miwili, yangu na ya Msumari, bega kwa bega, ili wanafunzi waone njia mbili za kutia kivuli. Chini ya ule wa kwake Msumari aliandika jina lake mwenyewe. Chini ya wangu hakuna kitu, kwa sababu sikuandika maneno. Wageni walipita wakiuliza huu wa pili ni wa nani. Nilisimama karibu nao muda mrefu sana nikiweka mkono kiunoni, lakini hakuna aliyejua kusoma mguu wa kuku.

Alhamisi, 27 Juni

Muuza vitambaa amekuja. Anataka rafu na makabati, mbao ana kiasi, nafasi ana kiasi, hajui achague ngapi kwa ngapi. Ameleta kazi kwangu na kwa Msumari pia. Mwenye mchoro bora ndiye atakayepata kazi.

Binti amekwenda kununua gundi. Penseli amekwenda nayo, nyuma ya sikio lake. Lakini hukumu ilikuwa ya penseli. Hakuna aliyesema neno kuhusu chaki. Nimeweka kipande cha chaki nyuma ya sikio, kimekaa vizuri kuliko penseli, sikio limepata joto.

Mistari nimeshapiga. Upande wa kutupwa nimeukwaruza wote, katikati peupe, panapendeza. Mke wangu akachungulia, akaniuliza mbona sikuandika chini kivuli ni nini.

Nikamwambia muuza vitambaa ni mtu mwenye akili, ataona mwenyewe. Kisha nikatoka mlangoni, ng'ambo nzima inisikie, nikaapa: Msumari akinishinda safari hii, binti nampa na chaki.